Mchezaji Aliyefutwa Orodhani

Wapenzi wa muziki humkumbuka Paul Robeson kwa sauti yake nzito, na wapenzi wa tamthilia humkumbuka kwa kuigiza Othello. Mimi leo nataka kumzungumzia Robeson ambaye aghalabu husahauliwa: mchezaji wa kandanda ya Kimarekani, mchezo ule wa kukimbia na mpira mikononi na kuangushana chini. Maisha yake uwanjani yana funzo kwa mwalimu na mwanafunzi kuhusu namna historia inavyoandikwa, na pia inavyofutwa.

Robeson alizaliwa tarehe 9 Aprili 1898 mjini Princeton, katika jimbo la New Jersey. Babake alikuwa mtumwa aliyetoroka, akasoma, hatimaye akawa mchungaji wa kanisa. Mamake alifariki kutokana na majeraha ya moto, Paul akiwa hajatimiza miaka sita. Mnamo 1915 kijana huyo alipata ufadhili wa kusoma katika chuo cha Rutgers, akawa mwanafunzi pekee mweusi chuoni humo.

Alipojitokeza kufanyiwa majaribio ya kandanda, wenzake weupe walimpokea kwa kipigo. Walimvunja pua na kumtegua bega, akalazwa kitandani siku kadhaa. Aliporudi uwanjani, mmoja wao alimkanyaga mkono kwa njumu hadi kucha zikang'oka. Kwa mujibu wa masimulizi yake mwenyewe, alipandwa na ghadhabu, akamnyanyua mchezaji mwenye mpira, tayari kumbwaga. Kocha akawahi kumtangazia kwamba ameingia timuni.

Hata hivyo, kuingia timuni hakukuwa kukubaliwa. Mwaka 1916 timu ya chuo cha Washington and Lee ilikataa kucheza na mtu mweusi, nao wakuu wa Rutgers wakaridhia kumwacha nje. Robeson hakuvunjika moyo. Mnamo 1917 na 1918 alitajwa miongoni mwa wachezaji bora wa vyuo vya Marekani, na 1919 akahitimu akiwa msemaji wa darasa lake. Yafaa wanafunzi wanaodhani kwamba michezo na vitabu haviwezi kukaa pamoja walitafakari hilo.

Mwaka 1920 alijiunga na Chuo Kikuu cha Columbia kusomea sheria. Ada ilihitaji pesa, hivyo akageukia kandanda ya kulipwa, akisoma siku za juma na kucheza Jumapili. Alichezea Akron mwaka 1921 pamoja na Fritz Pollard, kocha wa kwanza mweusi katika ligi hiyo, kisha Milwaukee mwaka 1922. Mnamo Novemba mwaka huo, Milwaukee iliilaza kwa alama 13 kwa 0 timu ya Jim Thorpe, bingwa wa Olimpiki ya 1912. Ni Robeson aliyeuvusha mpira mstari wa mwisho mara zote mbili.

Alihitimu 1923 na kuiacha kandanda. Uanasheria nao haukudumu, kwani katika ofisi alimoajiriwa, karani mmoja mweupe alikataa kuandika maneno aliyoyatamka mtu mweusi. Akaelekea jukwaani, na ulimwengu ukamjua. Katika miaka ya 1930, akiishi London, alijifunza fonetiki na lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo. Mimi niliye mwanaisimu siwezi kulipita hilo bila kulitaja.

Baada ya Vita Vikuu vya Pili, Robeson alipaza sauti dhidi ya ubaguzi na kuutetea Muungano wa Kisovieti. Serikali yake ikampokonya paspoti mwaka 1950, na hakuipata tena hadi 1958. Milango ya kumbi ikafungwa. Ajabu ni kwamba hata kandanda yake ya ujanani iliadhibiwa: orodha ya wachezaji bora wa 1918 ikawa inachapishwa ikiwa na majina kumi tu, ilhali timu ya mchezo huo ina wachezaji 11.

Aliaga dunia tarehe 23 Januari 1976. Jumba la heshima la kandanda ya vyuo lilimwingiza mwaka 1995, miaka 19 akiwa kaburini.

Walimu wenzangu, tunawafundisha wanafunzi kukariri majina na miaka kana kwamba kila kilichopigwa chapa ni kamili. Tuwafundishe pia kuhesabu. Waliomfuta Robeson hawakuwa na mtu wa kuijaza nafasi yake, hivyo pengo lenyewe likawashtaki. Wahenga walisema kwamba ukweli ukidhihiri, uongo hujitenga. Lakini ukweli hauwezi kudhihiri ikiwa hakuna msomaji wa kuuliza: wa kumi na moja yuko wapi?