Robert Serumaga: Msanii Aliyesema Bila Maneno

Askari anayesafiri kutoka Mbarara kuelekea Masaka hupita Biharwe. Hapo, kwa masimulizi ya wazee wa Ankole, jeshi la Mfalme Olimi wa Bunyoro, likirudi na ng'ombe lililowateka, lilishikwa na hofu jua lilipopatwa, likawaacha ng'ombe wote. Wataalamu wamekadiria kuwa hayo yalitokea mwaka 1520. Kwa karne nyingi habari hiyo ilitunzwa vinywani mwa watu. Urithi wa namna hiyo ndio alioutumikia marehemu Robert Serumaga, mwigizaji na mwandishi mashuhuri wa Uganda.

Serumaga alizaliwa mwaka 1939. Alisomea uchumi katika Chuo cha Trinity, Dublin, nchini Ireland, kisha akafanya kazi ya redio katika BBC mjini London. Aliporejea nyumbani katika miaka ya 1960 alijitosa katika sanaa, akiandika na kuigiza mwenyewe. Riwaya yake, Return to the Shadows, ilitoka mwaka 1969, nayo yahusu msomi anayekimbia ghasia za mapinduzi.

Baadaye aliunda kundi la Abafumi, yaani wasimulizi wa hadithi. Mchezo wao wa Renga Moi ulitokana na hadithi ya Waacholi. Shujaa amepata watoto mapacha, na mila yamkataza kumwaga damu kabla matambiko yao hayajatimizwa. Papo hapo adui amekivamia kijiji. Kila aliyewahi kuitwa zamu huku nyumbani kuna mgonjwa anaujua uzito wa mizani hiyo. Mchezo huo, uliochanganya lugha za Uganda, ngoma na nyimbo, ulionyeshwa London mwaka 1975.

Lakini chini ya utawala wa Idi Amin neno moja liliweza kumpoteza mtu. Mwaka 1977 Byron Kawadwa, mwandishi na mkurugenzi wa Jumba la Taifa la Michezo, aliuawa mara baada ya kurejea kutoka tamasha la sanaa la Lagos. Serumaga alikuwa amekwisha kupunguza maneno jukwaani: katika mchezo wa Amarykiti, miili, ngoma na vilio ndivyo vilivyosema. Hatimaye aliingia uhamishoni, akajiunga na harakati za kumwondoa Amin, na mwaka 1979 akawa waziri katika serikali fupi ya Profesa Yusuf Lule. Alifariki Nairobi mwaka 1980, mbali na jukwaa lake.

Maisha yake yana funzo kwa wenye kushika silaha. Katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, kusini mwa Mbarara, wanaishi watu waliotoka Kongo, Burundi, Rwanda na Somalia. Wengi wao walikuja na mali chache, lakini nyimbo na hadithi za kwao hakuna aliyeweza kuwapokonya. Bunduki yaweza kumnyamazisha msanii, bali ngoma yake itaendelea kulia. Askari mwema huilinda ngoma hiyo.