Gavana aliyewaachia huru watumwa wake

Mpendwa msomaji, ni rahisi kuitikia amina mhubiri anapokemea dhambi. Ugumu huja pale dhambi hiyo inapokuwa ndiyo inayokulisha. Leo nakualika umtazame Edward Coles, gavana wa pili wa jimbo la Illinois, Marekani.

Coles alizaliwa mwaka 1786 huko Virginia, katika familia tajiri iliyomiliki mashamba na watumwa. Akiwa chuoni alimsikia mwalimu wake, Askofu James Madison, akifundisha kwamba binadamu wote wana haki sawa. Kijana huyo akamuuliza, inakuwaje basi mtu ammiliki mwenzake? Askofu akakiri kwamba hakuna jibu la kuutetea utumwa. Wengi wangeyaacha maneno hayo darasani. Coles aliazimia kwamba hatamiliki mtu.

Mwaka 1808 baba yake alifariki, akamwachia shamba na watumwa. Coles alipowaeleza ndugu zake nia yake, walimpinga. Baadaye akawa katibu wa Rais James Madison, binamu wa yule askofu. Mwaka 1814 alimwandikia barua Thomas Jefferson, rais mstaafu, akimwomba aongoze juhudi za kuukomesha utumwa. Mzee huyo alijibu kwamba kazi hiyo ni ya vijana, akamshauri abaki Virginia na watumwa wake.

Coles hakutulia. Mwaka 1819 aliuacha ukoo wake akasafiri nao kuelekea Illinois. Wakiwa ndani ya mashua kwenye Mto Ohio, aliwatangazia kwamba tangu saa ile wako huru. Hakuishia hapo: kila mkuu wa familia alimpa ekari 160 za ardhi.

Mwaka 1822 alichaguliwa kuwa gavana. Wakubwa wa jimbo walitaka katiba mpya itakayoruhusu utumwa. Coles aliwapinga, akatoa mshahara wake wote wa miaka minne kugharimia mapambano hayo. Walimshtaki mahakamani kwa kuwaachia watu wake bila kuweka dhamana, akatozwa faini ya dola 2,000, ambayo baadaye ilifutwa. Agosti 1824 wananchi walipiga kura: 6,640 walikataa mpango huo, 4,972 waliukubali. Illinois ikaokoka.

Je, alilipwa fadhila? Alipogombea tena siasa alishindwa, akahamia Philadelphia. Mwaka 1862 mwanawe aliuawa vitani akipigania upande wa Kusini, uliotetea utumwa. Hebu fikiria uchungu wa baba huyo. Hata hivyo aliishi kuona utumwa ukifutwa nchi nzima mwaka 1865, akafariki mwaka 1868.

Ndugu yangu, ilimchukua Coles miaka 11 tangu arithi watu hao hadi kuwaachia. Hakuwa malaika. Lakini toba yake, kama ya Zakayo katika Luka 19, iligusa mfuko.

Wewe je? Kuna mshahara wa dada wa kazi unaoukalia? Kuna kiwanja cha yatima wa marehemu kaka yako ulichokiandikisha kwa jina lako? Usingoje vijana wa kesho waje kurekebisha unachoweza kurudisha wiki hii.

Mungu akupe ujasiri wa kuachilia kisicho chako. Jumapili njema.