James Murray, mtunga kamusi aliyeacha shule akiwa na miaka 14

Msikilizaji, ukikutana na neno geni la Kiingereza unajiuliza mambo mawili: lina maana gani, na linatamkwaje? James Murray aliyafanyia kazi maswali hayo kwa miaka 36.

Alizaliwa mwaka 1837 katika kijiji cha Denholm, kusini mwa Uskochi. Baba yake alikuwa fundi cherehani. Akiwa na miaka 14 aliacha shule, kwa kuwa nyumbani hapakuwa na uwezo wa kumsomesha zaidi. Akajisomea mwenyewe, lugha moja baada ya nyingine, hadi akawa mwalimu.

Mwaka 1879 alikabidhiwa kuhariri kamusi ambayo leo tunaijua kama Kamusi ya Kiingereza ya Oxford. Ilitarajiwa kumalizika kwa miaka 10. Murray alijenga kibanda cha mabati, akawaomba wasomaji wa kawaida wamsaidie. Aliyekuta neno kitabuni alinakili sentensi yake kwenye kikaratasi, akaandika jina la kitabu na mwaka, akamtumia. Vikaratasi vilifika kwa mamilioni, na watoto wake walisaidia kuvipanga. Alipohamia mjini Oxford, posta iliweka sanduku la barua mbele ya nyumba yake.

Sehemu ya kwanza ilitoka mwaka 1884. Iliishia kwenye neno ant, yaani sisimizi. Miaka 5 imepita, na herufi A yenyewe haijaisha!

Matamshi nayo yalimsumbua. Kiingereza huandikwa hivi na kusomwa vile, kwa hiyo alibuni alama zake za kuonyesha sauti za kila neno. Lakini hakuwa mtu wa kulazimisha. Neno vase, yaani chombo cha maua, Waingereza walilitamka kwa namna kadhaa, naye aliona kila mtu ana haki ya kulitamka apendavyo.

Murray alifariki tarehe 26 Julai 1915, akiwa kwenye herufi T. Wenzake walimaliza mwaka 1928, kamusi ikiwa na maneno zaidi ya 414,000. Yeye hakuiona imekamilika.

Tunaisimulia habari hii kwa sababu watoto wengi huchekwa wanapokwama kwenye neno la Kiingereza, wakaogopa kuuliza tena. Murray, aliyeiongoza kamusi yenyewe, kila siku aliandika barua kuwauliza wengine asichokijua.