Wendell Scott: Alishinda mbio, kombe akabeba mwingine

Mwaka 1952 mapromota wa mbio za magari katika mji wa Danville, jimbo la Virginia, Marekani, walitaka kujaza uwanja. Wakaona watafute dereva mweusi ashindane na Wazungu, watu waje kushangaa. Wakaenda kumuulizia polisi. Jina walilopewa ni Wendell Scott.

Polisi walimfahamu vizuri. Scott, aliyezaliwa mjini hapo mwaka 1921, alikuwa dereva teksi na fundi, na wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia alihudumia magari ya jeshi. Usiku alikuwa na kazi nyingine: kusafirisha gongo. Askari wakimfukuza, aliwaacha kwenye mataa. Mwaka 1949 ndipo walipomnasa.

Mashabiki walimzomea siku ya kwanza, lakini jamaa akanogewa. NASCAR, chama kinachosimamia mbio za magari yenye umbo la haya ya barabarani, kilikuwa na maofisa waliomkatalia kushindana kwa sababu ya rangi. Alifunga gari lake akarudi nalo nyumbani, kisha akaenda viwanja vingine. Mwaka 1959 akawa bingwa wa Virginia katika daraja la chini, na 1961 akapanda ligi kuu.

Huko wenzake walikuwa na viwanda vya magari nyuma yao. Scott alikuwa na wanawe wa kumsaidia, tairi zilizokwishatumika na injini alizozifufua mwenyewe. Fikiria timu isiyo na mdhamini, kipa ndiye kocha na ndiye dereva wa basi.

Desemba 1, 1963, Jacksonville, Florida. Mizunguko 200 kwenye uwanja wa vumbi. Ikiwa imebaki 25 hivi, Scott akampita Richard Petty, ambaye gari lake lilikuwa linasumbua, akaongoza. Akamaliza mizunguko yote, lakini bendera ya ushindi hakupewa. Akaendelea kuzunguka. Buck Baker, aliyekuwa nyuma yake kwa mizunguko miwili, ndiye akatangazwa mshindi na kukabidhiwa kombe.

Scott akakata rufaa. Baada ya saa kadhaa, mashabiki wameshaondoka na Baker ameshaondoka na kombe, maofisa wakakubali kwamba walikosea hesabu na kumpa Scott fedha zake. Kukosea mzunguko mmoja kunaeleweka. Kukosea miwili, tena kwa anayeongoza, ni refa kutoliona bao ambalo uwanja mzima umeliona. Scott mwenyewe aliamini sababu ni nyingine: mshindi alikuwa akipigwa busu na mrembo wa mashindano, Mzungu, na hakuna aliyetaka picha hiyo ipigwe Florida ya mwaka 1963.

Ushindi ule haukumletea mdhamini. Hata hivyo mwaka 1966 alimaliza nafasi ya sita kwenye msimamo wa msimu mzima, na miaka mitatu iliyofuata hakutoka kumi bora. Kwa gari la kuungaunga, hiyo ni kazi kubwa kuliko hata ule ushindi.

Mei 1973, pale Talladega, Alabama, magari yapatayo 20 yaligongana. Scott alivunjika mbavu, nyonga na mguu, na gari lake likawa chuma chakavu. Mwaka huo huo akastaafu, akiwa na mbio 495 za ligi kuu, 147 kati ya hizo akiwa ndani ya kumi bora, na ushindi mmoja. Akarudi gereji Danville.

Saratani ilimuua Desemba 23, 1990. Mwaka 2015 aliingizwa kwenye ukumbi wa heshima wa NASCAR, lakini kombe la Jacksonville chama hicho kiliikabidhi familia yake Agosti 2021. Oktoba mwaka huo huo Bubba Wallace alishinda Talladega, akawa dereva mweusi wa pili kushinda mbio za daraja hilo.