Tshibumba Kanda Matulu, mchoraji aliyetuandikia historia

Wazee wetu hapa Kikula na katika miji mingine ya shaba wanakumbuka picha zilizotundikwa ukutani sebuleni katika miaka ya 1970. Kulikuwa na mamba muntu, kulikuwa na simba, na kulikuwa na ile ya Colonie Belge, mfungwa akipigwa kiboko mbele ya wake na watoto. Zilichorwa juu ya kitambaa cha mifuko ya unga, zikauzwa kwa bei ndogo kwa wafanyakazi na walimu.

Mmoja wa wachoraji hao ni Tshibumba Kanda Matulu. Alizaliwa mwaka 1947 huko Elisabethville, ambayo leo ni Lubumbashi, katika jamaa ya Waluba wa Kasai. Alichora ili apate chakula cha nyumbani, lakini moyoni alijihesabu kuwa mwana-historia. Chini ya picha aliandika majina na tarehe, kusudi mtazamaji asikose kujua ni jambo gani lililotokea.

Mwisho wa mwaka 1973 alikutana na Johannes Fabian, Mjerumani aliyefundisha katika Chuo Kikuu cha Lubumbashi. Mwaka uliofuata alimletea picha karibu mia moja, akamsimulia kila moja kwa Kiswahili chetu cha Katanga, na maneno yake yakashikwa katika kaseti. Alianza na wafalme wa zamani na kuja kwa Wazungu. Akapita kifo cha Msiri mwaka 1891, hukumu ya Simon Kimbangu, wachimbaji waliopigwa risasi katika mgomo wa Desemba 1941, uhuru wa 1960 na vita vya Katanga. Hakuishia katika siku zake mwenyewe. Alichora hata wakati ujao.

Picha inayotugusa zaidi ni ya kifo cha Patrice Lumumba, Mpolo na Okito. Waliuawa usiku wa tarehe 17 Januari 1961, kando ya barabara ile tunayopita tukitoka Lubumbashi kuja Likasi. Tshibumba alichora maiti tatu, na nyuma yao misalaba mitatu. Sisi waamini tunajua kwamba Mwokozi ni mmoja, na damu ya mwanasiasa haiondoi dhambi. Lakini tusimhukumu upesi. Alitafuta namna ya kuonyesha mtu aliyeuawa bila haki, akatumia Golgota, kwa sababu alijua kwamba kila mtu wa Katanga, hata asiyesoma, angeelewa.

Tangu mwanzo wa miaka ya 1980 hakuonekana tena. Walimtafuta, wasipate hata habari ya kaburi lake. Mwaka 1996 Fabian alitoa kitabu chenye picha hizo na masimulizi yake, na picha zenyewe zikawekwa katika jumba la makumbusho huko Amsterdam. Hivyo mtoto wa Kikula anayetaka kuona historia ya nchi yake kama ilivyochorwa na mtu wa kwao, inampasa avuke bahari.

Jambo hilo linauma, ila linatufundisha. Tshibumba hakungoja serikali wala chuo kimpe ruhusa ya kukumbuka. Alichukua kitambaa cha unga na rangi, akaanza. Yoshua naye alisimamisha mawe kumi na mawili huko Gilgali, ili watoto wakiuliza, wazazi wawe na la kujibu. Katika makanisa yetu wako akina baba na akina mama waliofanya kazi Union Minière na Gécamines, waliokimbia vita, waliojenga makanisa haya kwa matofali ya mikono yao. Kila mwaka tunazika wengine wao pamoja na habari zao. Jumapili hii, baada ya ibada, ketini na mmoja wao. Mwulizeni, andikeni jina na tarehe, na daftari hilo libaki hapa kwetu.