Byron Kawadwa, Mtayarishaji wa Michezo

Hapa Mahege mpunga ukishavunwa watu hutaka ngoma. Lakini unajua kwamba ngoma haiji yenyewe. Lazima awepo mtu wa kuwaita wapigaji, kutafuta waimbaji, kupatana siku na mahali, na kuona kwamba wageni wamekula. Siku ya ngoma watu humsifu mwimbaji. Aliyehangaika hakumbukwi. Katika michezo ya kuigiza ya mjini, mtu huyo huitwa mtayarishaji. Leo soma habari za mtayarishaji mmoja wa nchi jirani ya Uganda. Jina lake ni Byron Kawadwa.

Kawadwa alifanya kazi mjini Kampala. Huko liko Jumba la Michezo la Taifa, lililofunguliwa mwaka 1959, siku za Waingereza. Michezo mingi humo ilikuwa ya Kiingereza. Fikiri wewe mwenyewe: utalipa kiingilio ili usikie maneno usiyoyaelewa? Uganda ilipata uhuru mwaka 1962. Miaka michache baadaye Kawadwa alianzisha kikundi chake, Kampala City Players. Yeye aliandika michezo kwa Kiganda, lugha ya watu wa pale.

Tena hakutaka watu wasimame jukwaani na kusema tu. Alishirikiana na mtunzi wa muziki aitwaye Wassanyi Serukenya. Kawadwa alileta hadithi, Serukenya alileta nyimbo. Mchezo wao mmoja unaitwa Makula ga Kulabako. Unahusu binti wa mfalme aliyempenda kijana wa watu wa kawaida. Watu waliupenda sana. Nadhani hata wewe ungeupenda, kwa maana mambo kama hayo tunayasikia katika hadithi za bibi zetu.

Mchezo mwingine unaitwa Oluyimba lwa Wankoko, yaani Wimbo wa Jogoo. Ukiusikia kwa juu juu utaona ni hadithi ya zamani ya ufalme, na ya mtu mwenye tamaa ya kutawala. Lakini watazamaji wa Kampala hawakuwa wajinga. Mwaka 1966 Milton Obote alipeleka askari kwenye jumba la Kabaka, mfalme wa Buganda. Kabaka alikimbilia Uingereza, akafia huko mwaka 1969. Basi watu walipoona mchezo ule walijua unasema nini, ingawa jina la Obote halikutajwa. Ni kama fumbo la ngomani. Anayefumbwa hatajwi, lakini kila mtu anamgeukia.

Mwezi Januari 1971 Obote naye aliondolewa. Jemadari Idi Amin alitwaa serikali kwa bunduki. Sasa hadithi ya mtu aliyenyakua madaraka ilikuwa inamgusa mwingine. Hilo ndilo tatizo la hadithi nzuri: haimalizi kazi kwa mtu mmoja.

Kawadwa aliendelea na kazi. Akawa kiongozi wa michezo katika Jumba lile la Taifa. Wakati huo watu wengi walikuwa wakikamatwa usiku na mchana, na hawarudi. Wasomi wengi walikimbia nchi. Yeye alibaki.

Mwaka 1977, kuanzia Januari hadi Februari, ilifanyika sikukuu kubwa ya sanaa za watu weusi huko Lagos, Nigeria. Iliitwa FESTAC. Waganda walikwenda na mchezo wa Wankoko. Kuchukua wachezaji, ngoma na mavazi mpaka nchi ya mbali si kazi ndogo. Wewe uliyewahi kuvusha kikundi kimoja tu kwa mtumbwi, unajua.

Mwezi huo wa Februari, tarehe 16, Askofu Mkuu Janani Luwum aliuawa Kampala. Ndiyo nchi waliyorudia wachezaji wale. Muda mfupi baada ya kurudi, watu wa Amin walimkamata Kawadwa, wakamuua. Hakuwa na bunduki wala jeshi. Alikuwa na waimbaji.

Yaliyofuata wazee wetu wanayakumbuka. Mwaka 1978 Amin alivamia Kagera, na vijana wetu walikwenda vitani. Kampala ilitekwa mwezi Aprili 1979, na Amin akakimbia. Kawadwa hakuiona siku hiyo. Alikuwa ameuawa miaka miwili kabla.