D. O. MISIANI: MZEE WA BENGA

Ukisimama Muhuru Bay, pale Migori inapokoma, ng'ambo ya mpaka ni Shirati, Tanzania. Huko ndiko alikozaliwa Daniel Owino Misiani mwaka wa 1940. Wazazi wake walikuwa watu wa dini, nao hawakupendezwa na habari za muziki. Lakini penye nia pana njia. Katika miaka ya 1960 kijana huyu alivuka mpaka akaja Kenya kutafuta riziki kwa gita. Bendi yake ya mwanzo iliitwa Victoria Boys. Jina lilibadilika badilika hadi ikawa Shirati Jazz.

Je, benga ni nini hasa? Wazee wetu walikuwa na nyatiti, ala ya nyuzi nane. Misiani na wenzake, kina George Ramogi, waliuchukua mlio wa nyatiti wakautia kwenye gita. Kwanza sauti inasimulia, halafu mwimbaji ananyamaza, magita yanafukuzana na besi inaunguruma. Hapo hata mzee mwenye mkongojo husimama!

Mwanzoni Misiani aliimba mapenzi na kuwasifu marafiki. Baadaye akageukia historia ya Waluo na visa vya Biblia, hata akaitwa Mfalme wa Historia. Mwaka wa 1987 Shirati Jazz ilizuru Uingereza, na Wazungu nao wakacheza benga.

Mwishowe aliingilia siasa, na hapo mambo yakamchachia. Badala ya kumtaja mkubwa kwa jina, mara nyingi alisimulia habari za wanyama, kama katika ngano zetu. Wasikilizaji walijua nani ni nani. Wakubwa nao walijua! Alitiwa ndani zaidi ya mara moja, akatishiwa kurudishwa Tanzania eti yeye si Mkenya. Hebu fikiria: mtu ambaye lugha yake na mashabiki wake wako pande zote mbili za mpaka anaambiwa aende kwao. Hata hivyo hakunyamaza.

Misiani alifariki Mei 17, 2006, katika ajali ya barabarani mjini Kisumu.

Sisi wanachama tunajifunza nini? Tukisoma fasihi simulizi, tusidhani ni mambo ya mtihani tu. Fumbo ni silaha ya mnyonge, ila lina gharama yake. Wahenga walisema msema kweli ni mpenzi wa Mungu. Hawakusema kwamba kila usiku atalala kwake.